Sheki ya Milango ya Mulombwa

Jumanne, tarehe 9 Januari

Baba Nadège,

Nilifika mahakamani saa moja na nusu asubuhi. Karatasi ya rôle, orodha ya kesi za siku, ilikuwa bado haijabandikwa mlangoni. Ilipobandikwa niliisoma kama ulivyokuwa unaisoma wewe, kwa kidole, kutoka chini kwenda juu. Ulisema kesi za watu wadogo huwekwa chini siku zote. Kweli. Tulikuwa wa tatu kutoka chini. Jina lako wameliandika vizuri, imekosekana herufi moja tu.

Greffier, karani wa mahakama, aliita jina lako. Nilisimama. Nikasema mwenye jina alikufa mwezi wa kumi na moja, mimi ni mke wake. Watu waligeuka kunitazama. Jaji aliandika kitu. Kisha remise, wiki mbili. Neno hilo moja la Kifaransa hata wasiosoma wanalijua: kesi imesogezwa, rudi nyumbani.

Naandika katika daftari lako la vipimo. Kurasa za mbele zimejaa milango. Za nyuma zilikuwa tupu, naanza ya mwisho nikija mbele. Sitamwonyesha mtu.

Niandike jambo lote mara moja, ili siku kichwa kikichoka nisome hapa. Ulitengeneza milango yote ya nyumba ya Patron Kisimba kule mtaa wa Golf. Mbao za mulombwa ulizichukua kwa Papa Chibwe wa Kasomeno, kwa kuaminiana, ukamwachia livret, kitabu cha hati ya nyumba yetu, iwe dhamana. Patron alikulipa kwa sheki, hundi ya benki. Benki iliirudisha: hakuna kitu ndani. Ukashitaki. Remise, remise, miaka miwili. Halafu ugonjwa. Hospitalini ulisema, “Usiache ile kesi, Mama Nadège.” Hukusema tena juu yake.

Kesi ikikatwa vizuri, Patron atalipa, Papa Chibwe atapata haki yake, livret itarudi. Isipokatwa, nyumba itakwenda. Basi. Ni hayo tu.

Kila ukitoka kwenda mahakamani ulikuwa unajipiga kifuani upande wa kushoto, polepole, kama mtu anayetuliza mtoto. Leo asubuhi mlangoni niliukumbuka mkono wako.

Jumanne, tarehe 23 Januari

Patron hakuja. Avoka, wakili wake, alileta karatasi ya daktari. Remise.

Kwenye benchi nilikaa na mama mmoja anayeuza samaki wa Kasenga. Wanamwita Tantine Bijou. Mwenye mgahawa alimpa sheki kama yetu. Hajui kusoma, aliniomba nimtafutie jina lake kwenye rôle. Nilimpata. Mama mwingine akaniomba, na mwingine. Nilisoma karatasi nzima kwa sauti, kama somo la kanisani.

Tantine Bijou alisema, “Mutoto yangu iko na licence ya université. Miye niko na remise kumi na mbili. Nani alisoma kunipita?”

Nilicheka. Mara ya kwanza tangu matanga. Nikaona haya, nikafunga mdomo kwa kitambaa.

Jumatano, tarehe 24 Januari

Msumeno wako umeanza kutu. Niliupaka mafuta. Penseli yako bado iko dirishani, ile uliyokuwa unasahau sikioni mpaka kwenye komunyo.

Jumanne, tarehe 13 Februari

Patron alikuja. Shati jeupe, viatu vinang’aa. Alinishika mkono kwa mikono yake miwili. “Pole sana, mama. Alikuwa fundi muzuri.”

Nikamjibu aksanti. Kwa nini nilimjibu aksanti? Njia nzima nilijichukia.

Majaji hawakutimia. Wanatakiwa watatu, walikuwa wawili. Remise.

Jumapili, tarehe 25 Februari

Papa Chibwe alikuja kutoka Kasomeno. Alileta karanga na unga wa muhogo, ndani ya mfuko uleule wa mwaka jana. Alikaa kwenye benchi lako. Hakuuliza chochote mpaka alipomaliza maji. Kisha aliuliza kesi imefika wapi. Nilimweleza. Mwenye lori aliyesafirisha zile mbao bado anamdai, na mke wake anasubiri upasuaji. Alisema hivyo bila kuniangalia.

“Mama, nitakungoya mpaka kiangazi kiishe. Kisha pale, sina nguvu tena.”

Livret yetu anaiweka ndani ya plastiki, chini ya Biblia yake. Alinihakikishia panya hafiki pale. Si mtu mbaya. Ingekuwa rahisi kama angekuwa mbaya.

Jumanne, tarehe 12 Machi

Hatumo kwenye rôle. Nilisoma kutoka chini kwenda juu, kisha kutoka juu kwenda chini. Hatumo.

Greffier alisema mvua ilipenya kwenye paa la chumba cha dossier, majalada ya kesi, wakahamisha kila kitu kwa toroli kwenda jengo la nyuma. Yetu haijaonekana. “Urudie wiki ya kuya, mama.”

Jumanne, tarehe 19 Machi

Haijaonekana.

Jumanne, tarehe 26 Machi

Greffier alichoka kuniona, akaniruhusu kuingia kutafuta naye. Ni mtu mzima, suruali yake imetiwa kiraka gotini, kiraka kilichoshonwa vizuri. Nadhani ana mke anayempenda.

Dossier ziko chini, marundo marundo, zimefungwa kwa kamba. Nyingine zimeota ukungu wa kijani. Unashika karatasi inashikana na ya pili, na ya tatu, mpaka unakuwa na kitu kama mkate. Tulifanya kazi asubuhi nzima. Yeye anasoma namba, mimi napanga. Tulikuta dossier za watu ambao nadhani wameshasahau kama walishitaki. Tulikuta ya Tantine Bijou, imelowa pembeni tu. Yetu hapana.

Nilitoka nikamwambia Tantine Bijou kwamba yake ipo. Alitaka kufurahi, akaona uso wangu, akajizuia. Alinipa samaki wawili. 

Sheki yenyewe ilikuwa ndani ya dossier ile. Na maandishi yake Patron, na sahihi yake.

Ijumaa Kuu, tarehe 29 Machi

Njia ya Msalaba. Kituo cha tatu nilikaa chini. Mwaka jana ulinishika hapa.

Jumanne, tarehe 16 Aprili

Jaji wa zamani amehamishwa. Anayeongoza sasa ni mwanamke, miwani ya kamba shingoni. Alisikiliza. Baba Nadège, alisikiliza kweli, aliweka kalamu chini. Nilimweleza milango, sheki, ugonjwa wako, mvua. Hakunikatiza.

Alisema dossier itatengenezwa upya. Kila mtu alete alichonacho. Kwangu anataka ile barua ya benki iliyokataa sheki, yenyewe, ya kwanza, na kopi ya sheki waliyoipiga muhuri siku ile. Ikiwepo, kesi inasimama kama zamani. Isipokuwepo, hakuna cha kuhukumu.

“Ninayo, Madame le juge,” nilisema. Kwa sauti ya nguvu, nilishangaa mwenyewe.

Nilirudi kwa miguu. Sikutaka kupanda taxi, furaha ingekwisha haraka. Nilinunua mboga ya matembele kwa njia. Nilipika bukari, ugali mwingi kama tuko watu wawili.

Jumatano, tarehe 17 Aprili

Nilifungua malle, sanduku letu. Bahasha ya kahawia ipo. Ndani mna risiti za misumari, risiti za gundi, barua ya Papa Chibwe, picha yako ya paspoti. Barua ya benki haimo.

Umeiweka mahali pengine salama. Kesho.

Alhamisi, tarehe 18 Aprili

Sanduku la vyombo vya kazi. Chini ya godoro. Biblia, ukurasa kwa ukurasa. Nyuma ya picha ya ndoa. Kopo la varnish. Nilitoa hata ubao wa dari pale ulipowahi kuficha zawadi yangu.

Hakuna.

Ijumaa, tarehe 19 Aprili

Nadège alifika kwa basi kutoka Likasi, ameomba ruhusa shuleni kwake. Mtoto wako anafundisha darasa la pili na anatafuta kama mwalimu, kona kwa kona. Hakuna.

Nadège alisema labda uliitupa. Nilimkaripia. Hujawahi kutupa hata kipande cha mbao.

Jumamosi, tarehe 20 Aprili

Nilikuwa napiga pasi nguo ya Nadège ya kesho. Nilifika kwenye kifua. Pasi ikasimama mkononi.

Nimejua iko wapi.

Niandike. Mwaka ule wezi wa sokoni walipokuibia, nilikushonea mfuko wa ndani kwenye veste, lile koti lako la kijivu. Upande wa kushoto. Niliufunga kwa kifungo nilichokitoa kwenye blauzi yangu ya zamani, na nikapitisha uzi mara mbili ili kitu kisidondoke kamwe. Ulisema huo si mfuko, ni benki. Ulivaa veste ile siku za mahakama tu. Ulijipiga kifuani ukitoka. Hukuwaamini na dossier yao. Ulitembea na barua.

Siku ya kukuvalisha, mdogo wako Gaston alikuja kuniuliza uvalishwe nini. Nilisema veste ya kijivu, ndiyo nguo yake ya heshima. Nilitaka niipige pasi mwenyewe. Nilipiga mikono na mgongo. Upande wa mbele sikupiga. Machozi yalikuwa yanaanguka juu ya kitambaa, niliogopa madoa. Nikaikunja, nikampa.

Kama ningepiga pasi mbele ningeisikia karatasi.

Jumapili, tarehe 21 Aprili

Sikwenda misa.

Jumatatu, tarehe 22 Aprili

Nilimwambia Nadège. Akasema kuna sheria, tunaweza kuomba kwa procureur, mwendesha mashtaka wa serikali, kaburi lifunguliwe. Tulimwita Gaston. Alipoelewa, alikaa chini kwenye vumbi la mbao, na suruali yake nzuri.

Kumbe aliisikia. Yeye na wanaume wengine walipokuvalisha, mkono wake uligusa kitu chini ya kifungo. Alidhani ni sala, au picha yangu. Aliiacha. “Mufuko ya mufu habafungulake, yaya,” alisema. Mfuko wa maiti haufunguliwi, ndivyo alivyofundishwa na baba yenu. Ulichokwenda nacho ni chako.

Simlaumu. Mimi ndiye niliyeshona.

Nadège aliuliza tena juu ya kaburi. Gaston alitikisa kichwa, akaniachia mimi neno. Nilifikiri juu ya mvua. Novemba, Desemba, Januari, hadi wiki iliyopita. Niliona zile dossier za mahakamani, chini ya paa, zilivyokuwa mkate. Na wewe huna paa. Nilisema hapana. Tungekusumbua kwa ajili ya tope.

Hakuna aliyekula.

Jumamosi, tarehe 4 Mei

Jumatatu nilikwenda benki. Ile agence ndogo uliyokwenda wewe imefungwa, sasa panauzwa simu. Walinituma kwenye tawi kubwa, mjini. Msichana nyuma ya kioo, mpole, kucha ndefu. Duplicata, nakala ya pili, inawezekana, alisema, lakini kwa mrithi mwenye karatasi za urithi. Na lazima watafute kwenye archives, karatasi za zamani, na za agence zilizofungwa zilipelekwa Kinshasa.

Gaston alisimamia karatasi za urithi. Tulirudi mara tatu wiki ileile, mara picha, mara sahihi ya ofisi ya commune. Ijumaa ombi langu lilipigwa muhuri: limepokelewa. Nimeliweka chini ya mto. Ndiyo karatasi pekee yenye muhuri niliyo nayo.

Jumanne, tarehe 14 Mei

Nilimwonyesha jaji ombi la benki. Alisoma mpaka mwisho. Alikubali kungoja.

Kisha Patron aliomba kusema. Kwa mara ya kwanza ndani ya miaka yote hii alisema mwenyewe, si avoka. Kwamba alilipa. Kwamba baada ya sheki kurudi alikuja hapa kwetu, akakulipa mkononi, na kwa sababu mlikuwa marafiki hakuomba risiti. Alisema polepole, kwa huzuni, kama mtu anayesoma tangazo la msiba.

Jaji alimuuliza nani aliona.

“Tulikuwa siye babili tu. Mumuulize yeye mwenyewe.”

 Jaji alimkemea, akamwambia achunge ulimi wake. Lakini mkono wa greffier ulikuwa unaandika. Sasa imeandikwa.

Nilisimama nikasema si kweli. Nilisema ungelipwa ungekwenda Kasomeno siku ileile, hata kwa baiskeli. Jaji alisema anaelewa, lakini je, nina karatasi? Sina. Nina mdomo tu.

Nje Patron alinyoosha tena mikono yake miwili. Sikumpa wangu. Niliuficha chini ya kitenge. Ni hilo tu nililofanya.

Tantine Bijou aliona. “Vile njo bien,” alinisifu. Akaninunulia andazi la beignet.

Jumapili, tarehe 2 Juni

Baridi imeanza. Papa Chibwe alikuja. Mke wake amezidiwa, hawezi tena kusimama kwenye jiko. Sikutaka kumdanganya. Nilimweleza mfuko, kifungo, pasi, yote. Nilisema, ni mimi niliyeizika kesi.

Alizungusha kofia yake mikononi, mizunguko mingi.

“Mama,” alisema, “hata miye ningemuvalisha ile ile.”

Nililia mbele yake. Alingoja nimalize. Kisha alisimama, akasema kiangazi bado kipo, na kwamba mwisho wake ni uleule. Nilisema najua. Alipiga mlango wetu kwa vidole, kama unavyopiga mbao kusikia kama imekauka. Sote wawili tulijua anapima nini, na aliona haya.

Jumanne, tarehe 18 Juni

Benki: bado. Mahakama: remise. Jaji alisema ni ya mwisho.

Nilisoma rôle kwa akina mama kumi hivi leo. Wananingoja sasa. Wananiita Madame Rôle. Nikichelewa wananinunia.

Jumanne, tarehe 2 Julai

Benki: bado.

Jumanne, tarehe 9 Julai

Leo si siku yetu, lakini miguu imezoea Jumanne. Ilinipeleka Golf.

Nilisimama ng’ambo ya barabara ya nyumba ya Patron. Ukuta mrefu, siwezi kuona kitu. Sentinelle, mlinzi wa geti, aliniuliza natafuta nani. Mzee, koti la jeshi la zamani. Nilisema simtafuti mtu, milango ya nyumba hii ilitengenezwa na mume wangu, ameshakufa. Alinitazama. Hakunifukuza.

Gari lilitaka kutoka, geti likafunguka. Niliuona mlango wa mbele. Mulombwa imekuwa nyekundu zaidi, karibu na rangi ya chai. Kile kifundo cha mbao ulichotaka kukificha, mimi nikasema kiache, ni kama jicho, kipo. Kinaangalia barabarani.

“Iko mulango ya nguvu,” sentinelle alisema. “Mvua yote ile, haikuvimba hata kidogo.”

Nilimwambia aksanti. Hii aksanti sikuijutia.

Mlango unafunguka kila siku, unafungwa kila siku. Hauna deni na mtu. Nilirudi nyumbani na hasira ndogo. Nilitaka iwe kubwa, haikukubali.

Jumatatu, tarehe 22 Julai

Msichana wa benki aliniita kwenye kiti, si kwenye kioo. Nikajua.

Jibu kutoka Kinshasa: daftari za agence ile za mwaka ule hazionekani. Aliniandikia kwenye karatasi, akapiga muhuri. Sasa nina mihuri miwili, yote ya kusema hakuna.

Aliniuliza kama nina mtu wa kunisindikiza.

Jumanne, tarehe 23 Julai

Nilivaa kitenge cha matanga. Kabla ya kuingia nilisoma rôle kwa wenzangu. Tulikuwa wa mwisho kabisa, chini ya wote.

Jaji alisoma barua ya benki mara mbili. Alivua miwani. Aliniambia kwa upole kwamba bila sheki, bila barua, kuna neno langu na neno la Patron, na mahakama haiwezi kumfunga mtu kwa neno. Kesi inaondolewa kwenye rôle. Kama karatasi itapatikana siku moja, nirudi, mlango uko wazi.

Niliuliza siku gani. Sikuuliza kwa ubishi. Nilitaka kujua.

 Alisema pole, mama.

Greffier alifungua daftari lake kubwa na kupiga mstari juu ya jina lako. Alitumia rula. Alipiga mstari mnyoofu, taratibu, na kabla ya kupiga alinitazama kidogo kama anaomba ruhusa. Ungependa mstari ule. Wewe ulichukia kazi mbovu.

Patron aliondoka bila kunisalimia. Hana haja tena.

Tantine Bijou alipata remise. Ya kumi na tisa.

Alhamisi, tarehe 25 Julai

Nilimpigia Papa Chibwe simu. Nilisema maneno mawili, akaelewa. Alisema mke wake ananisalimu.

Nilikuomba msamaha kwa sauti, jikoni.  Ulisema usiache kesi. Sikuiacha, Baba Nadège. Iliniacha yenyewe.

Jumamosi, tarehe 17 Agosti

Papa Chibwe alikuja na mnunuzi. Kijana mwenye heshima, ana mke na mapacha. Alipima chumba kwa hatua. Aliuliza kama paa linavuja. Nilisema hapana, mume wangu alikuwa fundi.

Papa Chibwe alitoa livret kutoka kwenye plastiki. Alinipa niishike kwanza. Ina jina lako, langu, la Nadège, na la yule mtoto wetu aliyeishi siku nne. Nilikuwa nimesahau kwamba ulimwandikisha. Hukuniambia. Siku nne, na ulikwenda ofisini kumwandikisha kuwa ni mtu wa nyumba hii.

Nilisoma jina lake. Kisha nikarudisha livret.

Papa Chibwe hakutaka kuchukua vyombo vyako, wala meza ya kazi. Alisema deni ni la nyumba tu, liliisha mlangoni. Meza atachukua Gaston. Msumeno ninakwenda nao Likasi kwa Nadège, sijui kwa kazi gani. Penseli pia.

Nilifagia vumbi la mbao la mwisho. Sikulitupa. Niliweka kidogo kwenye kopo la maziwa. Lina harufu yako ya saa kumi jioni.

Jumanne, tarehe 20 Agosti

Nilikwenda mahakamani mara ya mwisho kwa sababu walikuwa wananingoja. Nilisoma rôle. Nilimfundisha Tantine Bijou umbo la herufi ya kwanza ya jina lake: mti, mpira mmoja, mpira wa pili. Alilitafuta kwa kidole, kutoka chini. Alilipata peke yake.

“Madame Rôle, weye unaenda, sasa nani atatuchekesha na ile Kifaransa yako?” alisema. Kisha aligeuka akajipangusa macho kwa mkono unaonuka samaki.

Jumapili, tarehe 25 Agosti

Nilikuja kwako baada ya misa. Majani yamekauka, kulikuwa na kazi ndogo tu ya kung’oa. Udongo umeshuka kidogo upande wa kushoto. Niliujaza kwa mikono.

Nilikaa. Upepo ulikuwa unaleta vumbi jekundu. Sikuwa na habari mpya ya kukupa, unazijua zote. Kifungo ni kile cha blauzi ya maua, kama umesahau. Uzi niliupitisha mara mbili. Karatasi iko salama kuliko mahali popote katika mji huu. Kaa nayo.

Basi la Likasi ni kesho asubuhi. Ukurasa huu ni wa mwisho kabla ya kurasa za vipimo vyako, tumekutana katikati ya daftari. Mlango wa mwisho uliouchora haukupata mwenyewe. Upana upo, urefu hukuandika.

Huko uliko, kama kuna karatasi inayobandikwa asubuhi na majina yanasomwa, soma kutoka chini. Nitakuwa huko chini, na wenzangu.

Unikumbuke, Baba Nadège.